Siku Mbili za Evareto

Evareto aliingia langoni kwetu jua likiwa halijazama. Naanza na hilo kwa sababu ndilo nililoulizwa mbele ya ndugu wote, na ndilo nililolikana.

Nilikuwa juu ya paa nakusanya sufu tuliyoianika, Tatia wangu nimemfunga kifuani, maana upepo wa mlima Kadmo siku zile ulikuwa unakata masikio. Nikaona mtu anapanda njia itokayo mtoni. Anatembea hatua tatu, anasimama. Hatua tatu tena, anashika ukuta. Nikadhani ni mlevi. Kisha akainua uso, na kile kipande cha jua kilichobaki juu ya vilima vya Laodikia kikampiga machoni, akayafinya. Hapo nikamjua.

"Baba Tatia!" nilimwita mume wangu, aliyekuwa chini anakoroga pipa la rangi. "Fungua lango! Mjumbe amekuja!"

"Mjumbe gani?"

"Evareto!"

"Acha utani, mke wangu. Namwona huyo hapo nje. Evareto ana kitambi."

"Fungua, Menogeni!"

Akafungua huku anacheka, na kicheko kikamkauka mdomoni. Ni kweli mwaka uliopita Evareto alikuwa na kitambi. Tulikuwa tunamtania kwamba Injili anaibeba tumboni. Sasa joho lilimning'inia kama limetundikwa kwenye mti. Alisema, "Amani kwa nyumba hii," kisha akakohoa mpaka akapiga magoti uani, katikati ya maji mekundu ya rangi.

Sisi wa Kolosai tunaomwamini Bwana hatufiki hata thelathini. Tunakusanyika chumba cha juu nyumbani kwa Zosimo, mtia rangi, ambaye ndiye mwangalizi wetu. Mimi na Menogeni tunafanya kazi kwake na tunaishi uani kwake. Zosimo ni mtu mkubwa, mpole wa sauti, mikono yake myekundu hadi viwikoni, haitakati hata akiisugua kwa majivu. Jioni ile alishuka mwenyewe na beseni. Alimbusu Evareto shavu hili na hili, akamketisha, akamwosha miguu. Miguu yenyewe ilikuwa imevimba, na kwenye vifundo kulikuwa na vidonda vya pingu. Zosimo aliiosha polepole kama anayeosha mtoto.

Lakini kabla hajainama nilimwona akitazama juu, upande wa magharibi. Alikuwa anaangalia jua liko wapi. Hesabu ilikuwa imeanza.

Hesabu hiyo ina asili yake. Mwaka juzi alikuja kwetu mtu aitwaye Hermola, akajiita mtume. Alikuwa na sauti tamu, na alisema malaika huzungumza naye kila alfajiri. Tulimpokea. Alikaa siku arobaini. Alikula akiba yetu ya dengu na zeituni mpaka tukaanza kupika magugu, na hakuna aliyethubutu kumuuliza ataondoka lini. Siku ya arobaini akasema malaika amemwambia Nana, binti pekee wa Zosimo, aende naye akatabiri katika miji ya mashariki. Nana alikuwa na miaka kumi na mitano. Zosimo akamwekea mikono mtoto wake mwenyewe kichwani, akambariki, akamfungia mkate wa njiani. Hatujamwona Nana tena. Mama yake alikufa miezi minne baadaye, na hakuwa na ugonjwa unaojulikana.

Evareto alipokuja majira ya kuchipua yaliyofuata alimkuta Zosimo hali wala haongei. Akalia naye. Kisha akatufundisha kanuni ambayo ndugu wa Antiokia walikuwa wameiweka baada ya kuumizwa na watu wa namna ile: mjumbe anapofika apokewe kwa moyo wote, lakini alale siku moja, na kama ana shida, mbili. Anayeng'ang'ania ya tatu si wa Mungu, hata kama anafufua wafu. Na siku, akasema, zihesabiwe kama katika Maandiko, kutoka jua kuzama hadi jua kuzama, ili pasiwe na ubishi.

Zosimo aliishika kanuni ile kama mtu aliyetupiwa kamba mtoni. Tangu hapo walipita wajumbe sita. Wote walihesabiwa. Wote waliondoka kwa wakati, na wengine walituombea heri kwa utaratibu wetu mzuri.

Asubuhi yake Evareto hakuweza kuinuka. Nilimpelekea mchuzi wa dengu na maziwa ya mbuzi. Mwili ulikuwa unawaka. Alinisimulia kidogo kidogo kwamba alifungwa Apamea, siku kumi na tisa ndani ya shimo lenye maji, kwa sababu mtu mmoja aliyehubiriwa naye aliacha kuchonga sanamu na mwenye karakana akashtaki. Walimwachia baada ya kuona atakufa mikononi mwao.

"Walisema nikafie mbali," akasema, na akatabasamu. "Nikawaambia nitajitahidi."

"Usiseme hivyo, baba."

"Huyu ndiye aliyekuwa tumboni nilipokubatiza?"

"Ndiye. Anaitwa Tatia."

"Nipe nimwone."

Nikasita, kwa sababu ya kikohozi chake. Alikiona kusita kwangu, akavuta mikono yake akaificha chini ya blanketi. "Una haki," akasema. "Mwinue tu nimwone." Nikamwinua. Tatia akamcheka kwa ufizi wake usio na meno, na yule mzee akageuzia uso ukutani.

Mchana ulipopinduka, mvua ya barafu ikaanza. Zosimo akaita ndugu waliokuwa karibu, tukajaa chumba cha juu, watu kama kumi na wawili. Evareto alilala pembeni kwenye mkeka, amefumba macho.

"Ndugu zangu," Zosimo akasema, "mgeni wetu alifika jana kabla jua halijazama. Hiyo ilikuwa siku yake ya kwanza. Jua lilipozama ikaanza ya pili. Leo likizama inaanza ya tatu."

Mvua ilikuwa inagonga paa.

"Kwa hiyo?" akauliza Bibi Salampsio. Huyu ni mjane, Myahudi wa kuzaliwa, wa kwanza kuamini katika mji wetu, na ulimi wake haujawahi kumwogopa mtu.

"Kwa hiyo anapaswa kuwa njiani kabla ya hapo."

"Njiani kwenda wapi? Kaburini?"

"Laodikia si mbali. Kuna ndugu kule."

"Si mbali kwako wewe mwenye miguu kama nguzo za hekalu. Mtazame! Huyu hafiki hata darajani."

"Bibi, kanuni haikusema mzima wala mgonjwa."

"Zosimo, mwanangu, nisikilize." Alijisogeza mbele na mkongojo wake. "Mimi nimezaliwa ndani ya sheria. Nimeishika sabato tangu sijaota meno. Na baba yangu, aliyekuwa mkali kuliko wewe mara kumi, jirani alipoangukiwa na ukuta siku ya sabato alivua joho akachimba kwa mikono. Uhai unapita siku. Hilo kila mtoto wa Kiyahudi analijua. Nyie mliokuja jana mnataka kutufundisha kuhesabu?"

Watu wawili watatu wakacheka. Zosimo hakucheka.

"Hermola naye alikuwa mgonjwa," akasema taratibu. "Siku ya tatu. Mnakumbuka? Tumbo lilimuuma. Tukasema, ah, mgonjwa huyu, aongezewe siku moja. Mimi ndiye niliyesema."

Tungemwambia nini mtu yule? Kwamba kumbariki mwanawe vile hakukuwa kosa lake?

Mume wangu ndiye aliyesema, huku anatazama sakafu maana Zosimo ndiye anayetulisha. "Labda... labda hatuna uhakika wa jana. Kulikuwa na mawingu. Kama alifika jua limeshazama, basi jana haihesabiwi. Atakuwa na mpaka kesho jioni."

Nikaona Zosimo akiinua kichwa. Sijui kama nakumbuka vizuri au natamani iwe hivyo, lakini naapa uso wake ulifunguka.

"Nani alimwona akiingia?"

"Mke wangu. Alikuwa juu ya paa."

Wote wakanigeukia. Zosimo akaniuliza kwa upole, "Mama Tatia, Evareto alipokanyaga kizingiti cha lango, jua lilikuwepo au halikuwepo?"

Mtu yule mkekani alikuwa amenizamisha katika maji ya mto Liko na kuniinua, akaniambia kuanzia leo ndiyo yangu iwe ndiyo. Nilimtazama. Kifua kilikuwa kinapanda na kushuka kwa shida. Nje barafu ilikuwa inapiga.

"Halikuwepo," nikasema.

"Sema kidogo kwa sauti, binti yangu."

"Halikuwepo. Lilikuwa limezama."

Mkekani, Evareto akafumbua macho.

"Lilikuwepo," akasema.

"Baba, tafadhali."

"Lilikuwepo, Ammia. Lilinipiga machoni. Nilikuona juu pale na mtoto, nikasema moyoni, nimefika." Akaanza kuinuka. Alijaribu mara mbili, na mara ya tatu Menogeni akamshika mkono. "Zosimo, ndugu yangu, samahani. Nilitaka kuondoka mchana nikapitiwa na usingizi. Nipe kiatu hicho."

"Kaa chini, mpumbavu wewe!" Bibi Salampsio alipiga mkongojo sakafuni. "Hiyo kanuni ni yako! Uliileta wewe! Ivunje!"

"Ndiyo maana siwezi, bibi. Nikiivunja mimi, mwingine atakayekuja nyuma yangu atasema, mbona Evareto alikaa? Na mwingine naye ana binti nyumbani."

Zosimo alikuwa amesimama kama gogo. Nadhani kama Evareto angeomba, hata kwa jicho tu, angempa. Lakini Evareto hakuomba, na Zosimo hakujua kutoa kisichoombwa. Alimfunga viatu. Alimpa mkate mmoja, kama ilivyo desturi, wa kumfikisha atakapolala, na akataka kumvika joho lake la sufu nzito. Evareto akalikataa. Anayeondoka hapewi kingine zaidi ya mkate. Hilo pia alikuwa ametufundisha yeye.

"Nimsindikize na punda," mume wangu akasema.

"Punda wa nani?"

"Wa... wa Zosimo."

"Basi ni kitu cha nyumba hii. Hapana, mwanangu. Baki na mtoto wako."

Nilimfuata hadi langoni. Nilikuwa nalia, kwa aibu na kwa hasira. "Kwa nini hukuniacha?" nikamwambia. "Ungenyamaza tu. Wewe ulikuwa umelala, nani angekulaumu?"

Akaniwekea mkono kichwani. Ulikuwa wa moto kama jiwe la jikoni. "Ulinipenda," akasema. "Nimeliona. Ingia ndani, mtoto atapata baridi."

Akaenda. Hatua tatu, anasimama.

Tulirudi chumba cha juu tukakaa. Hakuna aliyeondoka kwenda kwake, na hakuna aliyemtazama mwenzake. Zosimo alikaa karibu na dirisha. Mawingu yalikuwa mazito, jua halionekani, ila unajua tu kwa jinsi kijivu kinavyogeuka kuwa cheusi. Nikawasha taa. Tatia alinyonya, akalala.

Ghafla Bibi Salampsio akasema, "Zosimo. Limezama?"

"Limezama."

"Una hakika?"

"Nina hakika, bibi. Niache."

"Basi siku imegeuka. Mgeni wetu wa siku mbili ameondoka kwa wakati, kanuni imetimia, hakuna wa kumnyooshea kidole. Sasa niambie wewe unayejua kuhesabu. Mtu akibisha hodi hapo langoni saa hii, hiyo itakuwa siku yake ya ngapi?"

Nilimwona Zosimo akilipokea swali lile kama mtu anayeamshwa.

"Ya kwanza," akasema.

"Sauti, mwanangu, mimi ni kiziwi."

"Ya kwanza!"

"Basi kamleteni abishe hodi!"

Mume wangu alikuwa tayari mlangoni. "Bibi, mbona hukusema mapema?"

"Nimelipata sasa hivi! Akili ya kizee inatembea na mkongojo. Kimbieni!"

Nilimtupia bibi Tatia mapajani na nikakimbia nao. Zosimo alitangulia, bila viatu, mwenge mkononi. Sikujua mtu mnene vile anaweza kukimbia hivyo. Njia ya mtoni ilikuwa utelezi mtupu. Tulipita mashamba ya kondoo, tukapita makaburi, tukavuka daraja la Liko. Kila mara nilifurahi kwamba hatujamwona. Nilijiambia, tazama, ana nguvu, amefika mbali.

Tulimkuta ng'ambo ya daraja, ameketi chini ya ukuta wa zizi la wachungaji. Mvua ilikuwa imemlowesha mpaka mfupani. Mkate alikuwa ameuingiza ndani ya nguo, kifuani, na ameukunjia mikono miwili usilowe.

Alipoona mwenge na kumtambua Zosimo alishtuka. Akaanza kuhangaika, mkono unatafuta ukuta.

"Nimepumzika kidogo tu," akasema. "Usikasirike, ndugu. Naondoka sasa hivi. Naondoka."

Zosimo akapiga kelele. Halikuwa neno. Akatupa mwenge, ukazimika kwenye tope, akapiga magoti. "Sikuja kukufukuza! Nimekuja kukuchukua! Evareto! Siku imegeuka, unasikia? Wewe ni mgeni mpya. Njoo nyumbani!"

Sijui kama alisikia. Midomo yake iliendelea kusema naondoka, naondoka, bila sauti.

Zosimo akambeba mgongoni. Menogeni alimshika kiunoni, mimi nikatembea nyuma nimeshika mguu wa yule mzee usiburuzike. Njia nzima Zosimo alikuwa anaongea. Alimwambia kuna kitanda, si mkeka, kitanda cha Nana, hakuna aliyekilalia tangu alipoondoka, na moto utakokwa usiku na mchana. Alimwambia atakaa siku mbili, na zikiisha tutamtoa nje ya lango tumrudishe, na zikiisha hizo tumtoe tumrudishe, mpaka kitambi kirudi. Alicheka aliposema hivyo. Mume wangu naye akacheka na kulia.

Katikati ya daraja, mguu niliokuwa nimeushika ulibadilika. Aliyewahi kushika mtoto aliyelala na mtoto aliye macho anaelewa ninachosema. Uzito ni ule ule lakini si ule. Mkono uliokuwa umeshika shingo ya Zosimo ukalegea ukaning'inia.

Sikusema. Zosimo alikuwa anamweleza jinsi ya kupika dengu na kitunguu. Mume wangu alinitazama gizani, nadhani naye alijua. Nikamwacha Zosimo aongee mpaka langoni.

Bibi Salampsio alitufungulia, Tatia begani. Zosimo akamwambia huku anahema, "Bibi, chemsha maji. Mgeni amefika."

Ndipo nikamshika mkono, nikamwambia.

Tulimzika nyuma ya zizi la Zosimo, maana makaburini wasingetukubalia. Zosimo alimwosha mwenyewe, na maji aliyotumia yakawa mekundu kidogo kwa mikono yake.

Siku ya Bwana iliyofuata tulikusanyika kama kawaida. Kwetu, kabla mkate haujamegwa, mtu mwenye kosa husimama akalisema, ili tusile tukiwa wachafu. Bibi Salampsio akaanza. Alisema wiki hii amemwita mwangalizi wetu punda, tena mara nyingi, na ametubu kwa baadhi ya mara hizo. Watu walicheka kidogo, kicheko cha wagonjwa. Mume wangu alikiri kwamba aliogopa kupoteza kazi, na hofu ile ndiyo iliyomfanya aseme "labda" badala ya kusema alichokiona ni haki.

Nikasimama. Nikasema nilidanganya kuhusu jua.

"Umesamehewa," Zosimo akasema. Macho yake yalikuwa yamevimba. Alikuwa ameshika mkate mikononi.

Sikuketi.

"Kuna lingine?"

"Nililisema kwa sauti ndogo," nikasema. "Uliniambia niongeze sauti, mnakumbuka. Nilidanganya kama mtu anayetaka akamatwe. Ningesimama imara, ningekaza macho, huenda yeye mwenyewe angejitilia shaka, mgonjwa vile. Sijui niungame lipi. Kwamba nilidanganya, au kwamba nilidanganya vibaya."

Nilitegemea kukemewa. Zosimo alibaki na mkate mikononi, haumegi.

"Nilijua," akasema mwishowe. "Tangu neno la kwanza nilijua unadanganya. Nami nilikuwa nimeliona jua. Niliangalia kabla sijamwosha. Ningeweza kusema, sawa, shahidi amesema, tumalize. Nilikuwa na nafasi. Pumzi tatu, nne, kabla yeye hajafumbua macho. Nilikaa tu kusubiri kuona itakuwaje."

Alijaribu kuumega mkate akashindwa, kama vile ulikuwa jiwe. Akaushusha mezani. Tukakaa. Hatukuwahi kufundishwa nini kifanyike mwangalizi anaposhindwa kumega, na yule ambaye tungemuuliza alikuwa chini ya udongo nyuma ya zizi.

Bibi Salampsio akainuka. Alimpa mtu wa karibu mkongojo wake amshikie, akaenda mezani polepole, akauchukua mkate. Vidole vyake vina baridi yabisi, ilimchukua muda. Alipoumega, kipande cha kwanza alimpa Zosimo, akamwambia, "Kula, mwanangu. Kula hivyo hivyo."

Akala. Kisha bibi akanipa mimi, nami nikatafuna kidogo nikamtia Tatia mdomoni kwa kidole, mkate wake wa kwanza, akaunyonya huku ananitazama.